Kwa vijana mnaotaka kuandika wimbo wa taifa

Wanangu waigizaji na waghani mashairi,

Salamu kwenu nyote, wa hapa Tanga mnaonifahamu kwa sura na wa mbali mnaonijua kwa sauti ya simu tu.

Nimeyasoma masharti ya mashindano yenu. Shairi liwe la kizalendo. Litaje bendera, litaje mlima, litaje waasisi, na kibwagizo kiwe cha kuimbika na umati. Mwenzenu mmoja akanipigia kuniongezea kwamba lengo ni kupata "kitu cha kudumu, mzee, kama wimbo wa taifa". Mkaniomba niwe jaji. Ujaji nimeupokea. Masharti nimeyakataa, na kwa kuwa sababu zangu hazienei kwenye simu, naziandika hapa, tena hadharani, maana maradhi haya hamnayo ninyi peke yenu.

Hebu niwape habari za Mcheki mmoja aitwaye Josef Kajetán Tyl. Alizaliwa tarehe 4 Februari 1808 huko Kutná Hora, mji uliojengwa na machimbo ya madini ya fedha, mtoto wa mshona nguo aliyekuwa pia mpiga muziki wa jeshi. Alikuja kuwa mwigizaji, mshairi, mhariri wa gazeti, mtunzi wa tamthilia, na kwa miaka mingi karani. Maneno yake ndiyo ambayo Wacheki leo husimama wima kuyaimba. Yeye mwenyewe hakuyaona yakisimamiwa hivyo hata siku moja. Alifariki mwaka 1856, na wimbo ukafanywa wa taifa mwaka 1918.

Shuleni Hradec Králové alifundishwa na Václav Kliment Klicpera, mwalimu ambaye mwenyewe alikuwa mtunzi wa michezo ya kuigiza. Waliopitia kwa mwalimu wa aina hiyo wanajua kinachofuata. Tyl aliingia masomo ya juu Prague, akayaacha njiani, akafuatana na kundi la waigizaji wa kuhamahama, leo mji huu, kesho ule. Mwaka 1831 alirudi Prague akashika ukarani katika ofisi ya kikosi cha jeshi, na kazi hiyo aliing'ang'ania kwa zaidi ya miaka kumi. Mchana hesabu za askari, usiku maneno ya jukwaani. Wapo kati yenu wanaona aibu kusema kwamba wanauza duka la mtu au wanaendesha bodaboda. Acheni. Shaaban Robert wetu alikuwa karani wa forodha, na hatujasikia tenzi zake zikinuka wino wa ofisi.

Prague ya siku zile ilikuwa chini ya wafalme wa Austria. Kijerumani ndicho kilikuwa lugha ya ofisi, ya chuo, na ya kila aliyetaka aonekane mstaarabu. Kicheki kilikuwa cha jikoni na sokoni. Katika jumba kubwa la maonyesho, Stavovské, lile ambalo Mozart alionyesha humo opera yake ya Don Giovanni kwa mara ya kwanza mwaka 1787, michezo ya Kicheki ilipewa Jumapili alasiri na sikukuu. Jioni taa zikiwashwa, magari ya farasi yakisimama mlangoni na wenye fedha wakishuka, lugha ya jukwaani ni Kijerumani. Tyl na wenzake wakatafuta pa kwao. Walipata nafasi katika jengo lililokuwa nyumba ya watawa, mtaa wa Malá Strana, na kuanzia 1834 hadi 1837 wakaigiza humo kwa lugha yao, kwa kujitolea. Mmoja wa waigizaji hao alikuwa kijana Karel Hynek Mácha, ambaye Wacheki sasa wanamhesabu kuwa mshairi wao mkubwa kuliko wote wa karne ile. Mácha alipotoa utenzi wake Máj mwaka 1836, kwa gharama yake mwenyewe, Tyl hakuupenda. Mwaka huohuo Mácha akafa, hajafika miaka 26. Nalitaja hili kwa wale wanaodhani kukaa jukwaa moja na mtu ni kumjua.

Sasa njooni kwenye wimbo wenyewe.

Tarehe 21 Desemba 1834, jumba la Stavovské lilionyesha mchezo wa Tyl uitwao Fidlovačka. Alikuwa na miaka 26. Ni mchezo wa kuchekesha, wenye nyimbo nyingi, na unahusu sherehe ya kila mwaka ya washona viatu, iliyofanyika Nusle, pembezoni mwa Prague, majira ya kuchipua. Watu wanakunywa, wanagombana, wanapendana, wanaojidai wanachekwa. Muziki alitunga František Škroup, yule aliyetangulia kutunga opera ya kwanza ya Kicheki mwaka 1826. Kisha katikati ya vurumai hiyo anakuja mzee kipofu, ombaomba mpiga fidla, jina lake Mareš. Usiku ule aliyemwigiza alikuwa Karel Strakatý, mwenye sauti nzito ya besi. Anaimba: Kde domov můj? Nyumbani kwangu ni wapi?

Simameni hapo kwanza. Huu ni wimbo wa taifa unaoanza kwa kuuliza. Haujui, au unajifanya haujui. Kisha unajibu kwa kuonyesha: maji yanavuma kwenye nyanda za majani, misonobari inavuma juu ya majabali, bustanini maua ya majira ya kuchipua yanang'aa, ni pepo ya duniani kwa kuitazama. Na hiyo ndiyo nchi nzuri, nchi ya Wacheki, nyumbani kwangu. Basi. Ubeti umekwisha. Hamna mfalme ndani yake, hamna vita, hamna adui, hamna hata Mungu.

Tena angalieni anayeimba ni nani. Pepo ya kuitazama, anasema mtu asiyeona! Mimi nikifika kwenye mstari huo huwa naacha kusoma kidogo. Tyl angeweza kumpa wimbo huo kijana mzuri wa mchezo, mpenzi mwenye kofia yenye unyoya, na ungekuwa wimbo wa mandhari tu, mzuri, wa kupita. Alimpa kipofu. Kila kitu anachokitaja mzee yule, anakitaja kwa kumbukumbu au kwa masikio. Maji yanavuma, miti inavuma, hayo anayasikia. Maua yanang'aa, hilo ameambiwa, au aliliona zamani. Ndiyo maana swali lake ni swali kweli. Mtu anayeona haulizi kwake ni wapi huku amesimama hapohapo.

Hakuna aliyemwagiza Tyl aandike wimbo wa taifa. Alikuwa na mhusika, na mhusika alihitaji kitu cha kuimba. Mchezo wenyewe haukuvuma. Wimbo ndio uliotoka mlangoni ukaenda zake, ukachukuliwa na Strakatý, ukachukuliwa na waimbaji wengine, ukaingia majumbani, hadi watu wakausahau mchezo wakabaki na mzee kipofu bila hata kujua kwamba ni kipofu.

Nawapa na upande wa pili wa hadithi, maana masharti yenu yamenikumbusha. Wakati huohuo dola ya Austria ilikuwa na wimbo wake rasmi, na si wimbo wa ovyo: muziki wake aliutunga Joseph Haydn mwaka 1797. Maneno yake yalimwomba Mungu amhifadhi Mfalme Franz, tena kwa kumtaja jina. Haikutimia miezi mitatu tangu Fidlovačka ionyeshwe, Mfalme Franz akafariki, Machi 1835. Wakaandika maneno mapya ya mrithi wake, Ferdinand. Ferdinand akaondoka kwenye kiti, akaja Franz Joseph, na mwaka 1854 yakatoka maneno mengine tena. Fikirini kazi ya mshairi wa aina hiyo. Kila jeneza la mfalme linatoka na beti zake. Mwaka 1918 dola yenyewe ikaanguka. Mwaka huohuo Chekoslovakia mpya ikachukua ubeti wa kipofu, ikauunganisha na ubeti wa wimbo wa Waslovakia, na hata nchi ilipogawanyika Januari 1993 kila mmoja aliondoka na ubeti wake bila ugomvi. Mnaoandika mashairi ya kuwataja viongozi kwa majina kwa sababu kuna posho ya safari na tisheti, someni hesabu hiyo vizuri.

Nasi tusijione tuko mbali. Muziki wa Mungu Ibariki Afrika ulitungwa mwaka 1897 na Enoch Sontonga, mwalimu wa shule na kiongozi wa kwaya huko Johannesburg, kwa ajili ya wanafunzi wake. Hakuiona nchi yoyote huru ikiuchukua. Alifariki 1905, na kaburi lake lilikuja kutambuliwa rasmi kuwa urithi wa taifa la Afrika Kusini mwaka 1996. Na jirani zetu Wakenya wanasimama kwa heshima mbele ya muziki uliotoka kwenye wimbo wa Wapokomo wa kubembelezea mtoto alale. Mama yule hakujaza fomu ya mashindano.

Msinielewe vibaya mkadhani nasema Tyl hakuwa mzalendo. Uzalendo alikuwa nao mwingi, hata ukamletea matatizo ya uandishi. Mwaka 1844 alitoa riwaya iitwayo Poslední Čech, yaani Mcheki wa Mwisho, iliyojaa hotuba na machozi ya kuipenda nchi. Mwaka uliofuata akaichambua kijana mmoja, Karel Havlíček, hajafika miaka 24, hana jina. Aliichana. Kwa ufupi alisema kwamba wakati umefika uzalendo wetu ushuke kutoka mdomoni uingie mikononi na mwilini. Tyl alikuwa mkubwa kwake kwa miaka kumi na tatu na alikuwa mhariri maarufu. Mnaweza kufikiri jinsi ilivyouma.

Siwezi kuapa kwamba ni karipio lile lililomgeuza, lakini tazameni tarehe. Mwaka 1846 aliingia Stavovské kusimamia michezo ya Kicheki. Mwaka 1847 na 1848 zikatoka tamthilia zake bora, moja baada ya nyingine. Katika mojawapo aliwapandisha jukwaani wachimba madini wa mji aliozaliwa, na ugomvi wao ulikuwa wa ujira. Hotuba zimepungua. Watu wameongezeka. Kwa hiyo mkosoaji wenu akija, hata akiwa mtoto wa juzi, msimjibu siku hiyohiyo kwenye simu zenu. Na kuna jambo linanisikitisha kila nikilikumbuka: Tyl alifariki tarehe 11 Julai 1856, na Havlíček, aliyekuwa amerudishwa kutoka uhamishoni akiwa mgonjwa, alifariki tarehe 29 ya mwezi huohuo. Siku kumi na nane.

Katika tamthilia zile iko moja nataka kundi lenu liisome, mkipata mtu wa kuitafsiri: Strakonický dudák, ya Novemba 1847. Kijana Švanda ni fundi wa ala ya kupuliza yenye mfuko wa ngozi. Anampenda Dorotka, baba wa binti anataka mkwe mwenye mali, basi Švanda anaamua kwenda nchi za mbali kutafuta fedha kwa ala yake. Mama yake, ambaye ni kiumbe wa msituni, anaitia ala ile nguvu za ajabu. Fedha zinakuja. Na pamoja na fedha anakuja Vocilka. Huyu Vocilka hapigi ala yoyote. Kazi yake ni kupanga ratiba, kuzungumza na wakubwa kwa niaba ya msanii, kushika mfuko. Mnamjua, sivyo? Leo mngemwita meneja. Maneno ni matamu, karatasi zote anazo yeye, na msanii hajui ameuzwa kwa bei gani mpaka siku anapojikuta hana kitu. Imeandikwa karibu miaka mia mbili iliyopita, na nikiisoma naona ofisi fulani za mjini hapa, viti vya ngozi na kalenda ya mwaka juzi ukutani.

Mkitaka kusaini kitu, njooni nacho. Sina utaalamu wa sheria, lakini najua kusoma mstari kwa mstari, na mjukuu wangu anajua zaidi.

Mwisho wa Tyl nitausema bila kuupamba, kwa sababu vijana wengi wanaupenda umaskini wa wasanii wa zamani kana kwamba ni sehemu ya kipaji. Mwaka 1848 Ulaya ilichafuka, Wacheki wakachagua wabunge wa kwenda Vienna, Tyl akawa mmoja wao. Desemba mwaka huo akaonyesha tamthilia yake ya Jan Hus, mhubiri aliyechomwa moto kwa maneno yake. Machi 1849 bunge likavunjwa. Mkono wa serikali ukarudi kukaza, na mwaka 1851 Tyl akatolewa Stavovské. Alitaka kibali cha kuwa na kundi lake mwenyewe, hakikutoka. Akarudi alikoanzia, kwenye makundi ya kuhamahama, safari hii si kijana aliyetoroka shule bali mtu mzima mwenye familia kubwa. Nyumba yake haikuwa nyepesi: alimwoa mwigizaji Magdalena, wakawa hawana mtoto, naye akazaa watoto saba na mdogo wake Magdalena, Anna, aliyekuwa mwigizaji pia, wote wakiishi pamoja. Sitaingia chumbani mwa watu. Nasema tu kwamba midomo ilikuwa mingi, na mkate ulitegemea kama watu wa mji fulani mdogo wamenunua tiketi usiku ule au hawakununua. Aliugua akiwa Plzeň na kundi lake, akafia huko, na kuzikwa huko, ana miaka 48. Mali hakuacha.

Škroup naye, yule wa muziki, alikosa kazi Prague akaenda kuongoza opera ya Kijerumani Rotterdam, Uholanzi. Alifariki kule mwaka 1862. Wimbo wake unauliza nyumbani ni wapi.

Baadaye, kama kawaida, heshima zikaja kwa mkokoteni. Mwaka 1882 Dvořák, mtunzi mashuhuri wa muziki wa Kicheki, aliandika muziki kwa mchezo uliohusu maisha ya Tyl, na ndani yake akausuka ule wimbo. Nyumba aliyozaliwa Kutná Hora ni makumbusho. Jumba la maonyesho la Plzeň lina jina lake. Na Stavovské, jumba lililomfukuza, liliitwa jumba la Tyl kuanzia 1948 hadi 1990. Miaka zaidi ya arobaini jina mlangoni, kwa mtu aliyeishi mle kwa mkataba wa miaka mitano hivi. Watoto wake saba hawakuila hata herufi moja ya jina lile.

Kwa hiyo suala la malipo nalitaka katika masharti, na nalitaka mwanzoni. Nimeona mmeandika kwamba mshindi atapata cheti na "fursa ya kuonekana". Futeni. Kiingilio mtakachokusanya, kigawanywe kabla ya jukwaa kufungwa, na mwenye shairi apate fungu lake sawa na mwenye vipaza sauti. Kama fedha ni kidogo, wagawane kidogo hichohicho, karatasi iwepo, kila mmoja atie sahihi. Shairi libaki mali ya aliyelitunga. Mfadhili akilitaka kwa tangazo lake, aje azungumze upya, na asizungumze na Vocilka.

Mashindano yenyewe siyapingi, ila msijipangie ukubwa. Ondoeni sharti la bendera. Ondoeni mlima, mlima haujawahi kukosa washairi. Waasisi watajwe na mhusika mwenye sababu ya kuwataja, kwa mfano mzee aliyewahi kupeana nao mkono na sasa anadai pensheni. Sharti la kibwagizo cha kuimbwa na umati nalo liondoke, kwa kuwa umati utaamua wenyewe.

Badala yake, nataka kila shairi liwe na mtu. Asiwe mshairi mwenyewe. Awe kuli wa bandarini aliyesubiri meli tangu alfajiri, awe mama muuza mihogo aliyehamishwa kibanda, awe mtoto aliyetumwa kununua mafuta ya taa akapotea njia. Niambieni yuko wapi anapoanza kusema, nani anamsikiliza, na kwa nini hakunyamaza. Lugha iwe ya kwake. Kama ni Mdigo wa Mkinga aseme kama mtu wa Mkinga, na kama ni kijana wa Dar mwacheni na maneno yake ya Dar. Vina na mizani mkitaka mviweke, lakini visimvunje mdomo. Na aliyeandika ahudhurie mazoezi. Tyl alikuwa mwigizaji kabla ya yote, alijua mstari gani unakaa kinywani na upi unakwama kwenye meno, na ujuzi huo haupatikani kwa kutuma shairi kwa simu na kusubiri matokeo.

Nitayasoma yote mtakayoniletea, ya mkono na ya kompyuta, ila herufi ziwe kubwa, macho yangu si ya zamani. Juu kabisa ya ukurasa mwandike jina la anayesema, umri wake, na alichofuata mahali pale. Lisilo na mistari hiyo mitatu nitalirudisha kwa mwenyewe kabla ya Ijumaa, alitengeneze, alilete tena.

Mzee wenu, mwalimu mstaafu,
Tanga